Kadi ya Blas

Siku ya Mtakatifu Kristoforo, msimamizi wa madereva, padre akiwa bado na maji ya baraka mkononi, Eutimio Lendínez alimpokonya kipaza sauti na kuutangazia uwanja mzima wa Jaén: "Miaka ishirini na mbili nazungusha watalii nchi hii, na hakuna kundi langu hata moja lililochelewa chakula cha jioni! Hata moja! Mwenye ubishi apande hapa juu!"

Hakupanda mtu. Mabasi yalipiga honi mpaka njiwa wakahama mnara wa kanisa. Kaka yake Blas, naye dereva, mtu wa maneno ya kuhesabu, alimvuta shati kutoka nyuma.

"Shuka, bwege wewe. Supu yenyewe Julai inaliwa baridi."

Ndivyo walivyokuwa, mmoja mdomo, mwingine breki. Blas alimzidi Eutimio miaka minane na sura walichangia moja, shilingi kwa ya pili: pua ile ile, nyusi zile zile zilizoungana kama zinapeana siri. Wote walikulia kwenye mizeituni, wakipiga matawi kwa fito kila msimu wa baridi mpaka mikono inakufa ganzi. Blas ndiye aliyepata leseni kwanza. Blas ndiye aliyemfundisha mdogo wake usukani, kwenye lori la zeituni lisilo na mlango wa kushoto, akimwambia ukikosea kona utaanguka wewe, mimi nimeshika kiti.

Eutimio hakuoa. Aliwahi kuchumbia, lakini mchumba alichoka kungoja Jumapili ambayo mwanamume hayuko Toledo. Kwa hiyo alikaa chumba cha nyuma nyumbani kwa Blas, akala chakula cha shemeji yake Encarna, na siku zilizobaki akalala hotelini, vyumba vya madereva, vile vinavyotazamana na mapipa ya taka. Madrid, Córdoba, Sevilla, Ronda, Granada, Toledo, kisha Madrid tena. Ungemuuliza kuhusu jumba la wafalme wa Granada, lile watu wanalovuka bahari kulitazama, angekwambia maegesho yake yana kivuli upande wa kulia na choo kinafungwa mapema. Ndani hakuwahi kuingia. Dereva akiingia, nani atalinda mabegi?

Kisha mapafu ya Blas yakaharibika. Sigara, walisema madaktari, kana kwamba kuna mtu alidhani ni zabibu. Hakuweza kupanda ngazi za basi, sembuse kuliendesha. Bosi wa kampuni, bwana mmoja anaitwa Ovidio, mwenye kucha safi kuliko dhamira, alikuja na wazo lake. Kwenye karatasi Blas aendelee kuwa dereva, mshahara uendelee kuingia. Kwa kubadilishana, kadi ya Blas ikae kwenye basi la Eutimio.

Kila basi huko lina mashine pale mbele inayomeza kadi ya dereva na kuandika kila dakika aliyoshika usukani. Ukizidisha saa, imeandika. Ukikosa kupumzika, imeandika. Haina rafiki. Lakini haijui sura. Ukiitilia kadi ya mtu mwingine inaamini dereva mpya amekaa, mbichi, ametoka kulala. Kwa hiyo siku ngumu Eutimio alikuwa watu wawili kwa mkate wa mmoja, na Ovidio alikuwa na madereva wawili kwa kiti kimoja. Encarna hakuipenda habari hiyo, ila dawa zilinunuliwa.

Siku yenyewe ilianzia Sevilla. Eutimio alikuwa anapakia mabegi ya Wameksiko arobaini na tatu, wengi wao wastaafu, simu ikalia.

"Shemeji," alisema Encarna, "njoo leo. Usiniambie kesho."

"Amesema nini daktari?"

"Daktari hasemi kitu, ananishika bega tu. Blas anakuuliza. Amenituma nikwambie usije mbio. Unajua akisema hivyo maana yake nini."

Eutimio akampigia Ovidio kuomba mtu wa kumpokea.

"Julai hii?" Ovidio alicheka kidogo, kwa adabu. "Eutimio, nikikutolea dereva Julai si bora nikutolee figo? Fikisha kundi Granada, kisha nenda kakae na kaka yako mpaka asubuhi. Nani amekukataza?"

Kutoka Granada hadi Jaén ni mwendo wa saa moja tu. Bawabu wa hoteli alikubali kumwazima gari lake kabla hajatoka zamu. Hesabu ilikaa vizuri. Tatizo ni kwamba hesabu haikumjua bwana Gonzalo wa Monterrey, ambaye pale Ronda, baada ya chakula cha mchana, alikwenda kutafuta kofia ya ngozi na kupotea. Walimngoja kwenye jua. Alirudi amevaa kofia, ameshika nyingine mbili, akauliza kwa nini watu wamenuna.

Walipofika kituo cha mafuta karibu na Antequera, kadi ya Eutimio ilikuwa inadai mapumziko. Watalii waliposhuka kwenda chooni, aliichomoa, akatoa ya Blas nyuma ya kizuia jua, akaitia. Remedios, mwongozaji, mwanamke wa Cádiz mwenye ulimi wa kukatia nyanya, alikuwa amekaa kiti chake cha mbele anajipepea na ramani.

"Leo tena unabatizwa? Afadhali. Blas ana adabu."

"Ana adabu kwa sababu hajawahi kukusikiliza wiki nzima."

"Wanaume wananilipa wanisikilize, we mshamba wa zeituni."

"Wanalipa kampuni, Reme. Wewe unalipwa unyamaze wakila." Kisha akashusha sauti. "Lazima nifike Granada kabla bawabu hajaondoka. Blas ameagiza nisije mbio."

Remedios aliacha kujipepea. "Basi tia moto," alisema. "Mimi nitawahesabu haraka."

Dakika chache baada ya kuingia barabara kuu, simu ya Remedios ikatikisika. Familia za madereva zote zina namba ya mwongozaji, kwa kuwa dereva akiwa kazini hapokei. Alikuwa katikati ya hadithi ya Mwamba wa Wapendanao, ule mlima wenye sura ya mtu aliyelala chali, ambako kijana wa Kikristo na binti wa Kiislamu walijirusha wakiwa wameshikana mikono. Alifunika kipaza sauti kwa kiganja, akasikiliza, akasema "ndiyo, mama," mara mbili, akakata.

Aliyepiga alikuwa Encarna. Blas alikuwa amekufa.

Kuna jambo moja ambalo waongozaji na madereva wote wa huko wanalishika kuliko amri kumi za Mungu: dereva haambiwi msiba akiwa kwenye usukani. Habari inakaa kiti cha mbele, imefungwa mkanda, mpaka basi lifike na injini izimwe. Wameshaficha talaka, moto wa nyumba, hata kifo cha mtoto, wakiwa na wazee arobaini nyuma na bonde pembeni. Kwa hiyo Remedios aliondoa kiganja na kuendelea. "Basi, jamani, wakafika kileleni..." Alieleza upepo ulivyokuwa. Alieleza binti alivyomwambia kijana afumbe macho. Kule nyuma kuna bibi alipenga kamasi.

"Nani huyo?" aliuliza Eutimio hadithi ilipokwisha.

"Mama yangu. Anauliza dengu aziloweke usiku au asubuhi."

"Umemwambiaje?"

"Nimemwambia aloweke."

Eutimio alimtazama kwenye kioo. Ilimjia kwamba Reme ametoka kumjibu mara mbili bila kumtukana, akadhani ni joto.

Karibu na Loja, askari wa barabarani walikuwa wamesimama kwenye njia ya kutokea barabara kuu, wawili, wakiyaingiza mabasi pembeni moja moja. Eutimio aliliingiza lake. Kijasho kilimtoka, lakini si kingi. Alishawahi kupita namna hii mara tatu. Askari kijana, uso mwekundu wa jua, alipanda ngazi mbili na kuomba kadi. Akaitazama, akamtazama. Pua ile ile, nyusi zile zile.

"Blas Lendínez?"

"Ndiye mimi."

"Mbona kwenye picha umenenepa?"

"Ilikuwa kabla ya bei za sasa."

Askari akatabasamu. "Unajisikiaje leo, Blas? Hujachoka?"

"Mzima kabisa. Naweza kufika Paris."

Askari akatoa karatasi yake, akaiegemeza juu ya dashibodi, akaanza kuandika jina. Alisema ni ukaguzi wa kawaida tu, ataweka saa, Blas atatia saini, waende zao. Akampa kalamu.

Remedios alisimama. Alikuwa anaitazama ile kalamu kama mtu anayeona mtoto ameshika wembe. Saini ya maiti, yenye saa na tarehe, mikononi mwa polisi, na hospitali ya Jaén ina karatasi yake yenye saa nyingine. Encarna angeulizwa mumewe amekufaje mara mbili.

"Eutimio, usisaini," alisema. "Usisaini, mpenzi wangu. Blas amefariki."

Alikuwa bado ameshika kipaza sauti. Hakukizima baada ya hadithi. Sauti ilitoka juu ya vichwa vya watu wote arobaini na tatu, safi, kwenye kila spika, mpaka kule kiti cha nyuma ambako bwana Gonzalo alikuwa anajaribu kofia ya pili.

Eutimio alikuwa na kalamu hewani.

"Wewe umejuaje?"

"Shemeji yako alinipigia."

"Saa ngapi?"

"Tulipokuwa pale kwenye Mwamba."

Alifikiria hilo. Akairudisha kalamu kwenye dashibodi, akainyoosha ikae sambamba na karatasi.

"Na wewe ukaendelea na hadithi."

"Niliendelea."

"Uliisimulia vizuri," alisema.

Askari alikuwa amekwama kwenye ngazi. Alitazama kadi, akatazama mtu. "Sasa," alisema, na aliuliza kwa upole, tena sana, "wewe ni nani?"

"Mdogo wake."

"Pole, bwana." Akavua kofia, akaivaa tena, maana kazi ilikuwa haijaisha. "Pole sana. Lakini basi hili haliendi popote, na kadi hii naichukua."

Mambo yakaenda kama yanavyokwenda. Basi likafungwa pale. Eutimio akaandikwa, kwa jina lake safari hii, akaambiwa ataitwa mahakamani. Ovidio alipiga simu kabla hata wino haujakauka; sijui nani alimwambia, watu wa aina yake wana pua.

"Nisikilize," alisema, "na kwanza pole. Waambie Blas alikupa kadi mwenyewe, nyumbani, kampuni haijui lolote. Marehemu hatozwi faini, Eutimio. Tumia akili."

Eutimio akamgeuzia askari simu. "Bosi, hebu rudia taratibu. Ndugu askari hapa alikuwa hajasikia mwanzo."

Simu ikakatika. Ndicho kicheko pekee cha siku hiyo, na hakuna aliyecheka. Baadaye ukaja ujumbe: akabidhi funguo kwa dereva atakayekuja, na Jumatatu asihangaike kwenda kazini. Mshahara wa Blas haukutajwa. Hakukuwa na haja.

Walingoja basi lingine muda mrefu, kwenye kivuli chembamba cha ukuta wa ghala. Bwana Gonzalo akauliza, si kwa ubaya, hivi hoteli itawawekea chakula cha jioni au itakuwaje.

"Funga domo, Gonzalo," alisema Doña Hortensia, mjane wa Puebla aliyekuwa amesafiri na dawa nyingi kuliko nguo. "Tungekuwa tumefika saa hizi kama si kichwa chako kuhitaji kofia tatu." Akatoa rozari mkobani, akawaongoza wenzake kumwombea Blas, mtu ambaye hakuna hata mmoja aliyemjua. Sauti ziliungana, za kizee, zikapanda na kushuka pamoja na malori yaliyopita. Eutimio hakuomba nao. Alikuwa anazunguka basi lake, anagonga tairi kwa ncha ya kiatu, moja baada ya nyingine. Alipomaliza akaanza upya.

Remedios akamfuata kwenye tairi la nyuma.

"Nitukane," alisema.

"Sina nguvu."

"Nitukane kidogo tu, ujisikie mtu."

"Ungeniambia pale pale, Reme, ningelipindua. Ninajijua." Akagonga tairi. "Ulifanya sawa. Ndicho kinachoniuma. Kila mtu leo amefanya sawa."

Dereva aliyeletwa alikuwa kijana mwenye miwani ya jua na redio. Eutimio alimpa funguo na kumwelekeza breki, kwamba inavuta kulia, asiikanyage ghafla basi hili likija kuchukuliwa. Kisha akapanda lile jipya pamoja na watalii. Doña Hortensia alimpisha kiti cha dirishani. Njia nzima mpaka Granada mguu wake wa kulia ulikuwa unakandamiza sakafu kila kona, na bibi akauona, akajifanya anaangalia milima.

Hotelini bawabu alikuwa ameshatoka zamu na gari lake. Remedios alikuwa na watu arobaini na tatu wa kugawia vyumba na mpishi wa kubembeleza. Alimkumbatia Eutimio mbele ya mapokezi, akamwekea mkate na jibini kwenye mfuko, akamwambia mwambie Encarna nitakuja kesho tukishamaliza Toledo, kisha akakumbuka kwamba Toledo ni keshokutwa, akalia.

Kwenye kituo cha mabasi ya kawaida jua lilikuwa bado halijazama. Eutimio alipanga foleni nyuma ya wanafunzi wenye mabegi mgongoni. Kwa miaka yote hiyo alijua kituo hicho kwa mlango wa nyuma, ule wa madereva, na ilimbidi aulize dirisha la tiketi liko wapi.

"Jaén," alisema. "Basi la kwanza lililopo."

Msichana wa dirishani hakuinua uso. "Linaloondoka sasa hivi ndilo la mwisho. Kwenda tu, au kwenda na kurudi?"

Eutimio alifungua mdomo. Nyuma yake kuna mtu alikohoa.

"Baba, kwenda tu au na kurudi?"

"Kwenda tu."

"Euro tisa na senti arobaini."