Mji wa Baba Ndani ya Kompyuta

Nyumbani kwetu kila mtu anaamini kwamba mimi ni fundi wa kompyuta, na imani hiyo imetokana na jambo moja tu: kazini kwangu naandika barua na hati za mizigo kwa kompyuta. Kuandika kwa kompyuta na kuijua kompyuta ni mambo mawili, kama kula wali na kulima mpunga, lakini jaribu kumweleza hivyo mama yangu. Televisheni ikikwaruza, naitwa mimi. Simu ya shangazi ikijaa picha za salamu za Ijumaa mpaka ikagoma, naitwa mimi. Kwa hiyo siku mama aliponiita chumbani kwake, akiwa edani, akaniambia, "Nitafutie mji wa babako," nilijua Jumamosi yangu imekwisha kabla haijaanza.

Mji ule ulikuwa gemu. Baba alipostaafu ualimu alinunua kompyuta ya mezani, kubwa na ya zamani, na dukani wakamtilia gemu la kujenga mji. Unapewa ardhi tupu, unapitisha barabara, unaweka nyumba, unavuta umeme, na watu wanahamia wenyewe. Sisi tulidhani atachoka baada ya wiki. Yeye akajenga Tanga. Aliweka Raskazone yetu ukingoni mwa maji, na majumba yake makubwa yenye miti, akanyoosha barabara mpaka Pongwe, na kule mbali kusini, peke yake karibu na pwani, akaweka nyumba moja ndogo aliyosema ni ya mama yake, Tongoni. Gemu lilitengenezwa na watu wa nchi za baridi, maana kila nyumba ilikuwa na dohani ya kutolea moshi. Msikiti hakuupata. Alichukua ukumbi wenye kuba, akauweka upande wa kibla, akasema Mwenyezi Mungu anajua nia.

Katika gemu lile kulikuwa na kitufe cha kukushusha kutoka angani mpaka barabarani, ukatembea kwa miguu. Hicho ndicho kilichomtia mama ndani. Magoti yake yalikuwa yamemkataza kutoka nje kwa miaka mingi. Hata kufika baharini, ambako toka kwetu unasikia mawimbi, kulikuwa safari. Basi kila baada ya alasiri baba alikuwa akiita kutoka chumba chake kidogo, "Vaa, tutoke." Na mama alikuwa anavaa. Atalitoa buibui lake kwenye msumari, alivae sawasawa, kisha akae kwenye kiti pembeni ya baba, watoke. Nilikuwa nasimama nyuma ya mlango nikicheka, nikimsikia akimwambia baba apunguze mwendo, au amsalimie yule mtu anayepita na mbwa.

Baba alipofariki, shangazi alikuja kutoka Pongwe kukaa na mama muda wote wa eda, ile miezi minne na siku kumi ambayo mjane hatoki nyumbani. Ni dada mkubwa wa baba, mwanamke anayefunga Jumatatu na Alhamisi na asiyekuwa na neno baya kwa mtu. Lakini lile gemu lilimkosesha usingizi. Aliona kwamba mtu akifa amali zake zinakatika isipokuwa zile njema alizoziacha zikiendelea, na akaogopa kwamba mchezo nao utahesabiwa kuwa umeachwa ukiendelea. Kwa hiyo siku ya hitma alimwomba kaka yangu, aliyekuja kutoka Dar es Salaam, aisafishe ile mashine, iwe ya kusomesha Kurani na si kitu kingine. Kaka akakaa humo chumbani, akatoka, akamwambia shangazi tayari. Toka siku hiyo ukiwasha kompyuta ya baba unasikia Yasini.

Mama hakuambiwa. Alikuja kujua wakati shangazi anamsimulia mgeni mmoja, kwa furaha, kwamba mashine ya marehemu sasa imetakasika. Ndipo aliponiita. Hakulia. Alikaa kitandani na nguo zake nyeupe, akasema anataka kujua kitu kimoja tu, kama mji upo au haupo.

Nilimpigia kaka pale pale. Akajibu kwa kifupi kwamba alifuta, kisha akaanza kuniuliza habari za bei ya samaki, na huyo kaka yangu hali samaki. Nikarudi kwa mama nikamwambia kaka anasema amefuta. Mama akanitazama kama sijasema kitu. "Tafuta," akasema.

Sasa unatafutaje kitu ambacho hujui jina lake? Baba aliuita mji. Mama aliuita mji. Sisi tuliokuwa tukicheka mlangoni hatukuwahi hata kuangalia jina lililoandikwa mwanzoni. Niliandika "mji" mahali pa kutafutia, kompyuta ikaniletea mitihani ya zamani ya jiografia aliyotunga baba, na hotuba moja ya Ijumaa. Nikaandika "gemu", haikuleta kitu. Nikaenda kwenye orodha ya programu zilizowekwa, nikaisoma kuanzia juu mpaka chini na kuanzia chini mpaka juu. Hakuna. Hapo mtu mwenye akili angeamini kwamba limefutwa, lakini mimi nilikuwa na mama chumba cha pili, na mlango ulikuwa wazi.

Nikaingia kwenye mafolda. Naomba niseme wazi kwamba aliyepanga mafolda ya kompyuta hakupanga kwa ajili ya binadamu. Unafungua folda moja unakuta folda, ndani yake folda, nyingine majina yake ni herufi na namba zilizokorogana kama zimeanguka kutoka kwenye kikapu. Nyingine ukiigusa inakuonya kwamba ukibadilisha kitu utaharibu kila kitu. Na mashine yenyewe ilikuwa nzito kupita kiasi. Kila nikibonyeza, kile kiduara kinazunguka, feni inavuma, mimi nangoja. Nilikuwa nimefika mbali, ndani kabisa, nikaona folda moja kubwa yenye kutia matumaini, umeme ukakatika.

Nilipiga meza mpaka mkono ukauma. Shangazi akauliza kutoka barazani kuna nini. Sikuweza kumwambia natafuta nini, kwa hiyo nikasema natafuta karatasi fulani ya kazini. Akanifariji kwamba mtafutaji hachoki, na akichoka keshapata. Mimi nilikuwa nimechoka na sijapata, na methali ile siku hiyo niliiona ya uongo mtupu.

Umeme uliporudi Yasini ikaanza upya, na mimi nikaanza upya. Ile folda kubwa ilikuwa na mafaili ya printa. Printa yenyewe ilikwisha kufa zamani na tulimpa mtu wa vyuma chakavu, lakini ndani ya kompyuta ilikuwa bado imekaa kwa nafasi. Nilianza kuichukia ile mashine kwa dhati. Niliwachukia pia dukani waliomuuzia baba, na gemu, na kaka na samaki wake. Mama kwa upande wake hakuuliza chochote. Kama angeuliza ningepata pa kumalizia hasira zangu.

Kilichonisaidia hakikuwa ujuzi. Nilikumbuka tu kwamba jioni ya mwisho kabla baba hajapelekwa hospitali, alimwita mama wakatoka. Nikaiambia kompyuta ipange mafolda kwa tarehe yalipoguswa, nikashuka mpaka nikaifikia siku ile. Ilikuwapo folda moja iliyoguswa siku ile jioni. Haikuwa mahali pa programu. Ilikuwa upande wa pili wa diski, kati ya picha za mahafali. Wala haikuwa na jina. Ilikuwa na lile jina ambalo kompyuta huipa folda yoyote isiyopewa jina na mwenyewe. Kumbe dukani hawakuliweka gemu kwa utaratibu wake; walilinakili tu kutoka kwenye flashi, wakalitupa hapo, na ndiyo sababu orodha ya programu haikulijua. Ndani kulikuwa na alama ya ghorofa refu. Nikaibonyeza mara mbili.

Muziki ukaanza, nikaukimbilia kuupunguza kabla haujafika barazani. Kisha ikafunguka ardhi. Majani ya kijani, mto umepita katikati, na hakuna kitu. Hakuna barabara, hakuna Pongwe, hakuna nyumba hata moja. Gemu lilikuwa linaningoja mimi nianze kujenga.

Mpaka hapo nilikuwa na hasira tu, na hasira unaweza kukaa nayo. Sasa niliona kwamba itanibidi niinuke, nivuke ukumbi, nimwambie mama kwamba nyumba zimebomolewa zote. Badala ya kuinuka nilimpigia kaka tena, na sikumsalimia. Nilimwambia nimelipata gemu na mji haumo, na kwamba kama amefuta mji wa baba aniambie sasa hivi, na asiniulize habari ya samaki.

Akauliza kwanza shangazi yuko wapi. Nikamwambia yuko barazani na tasbihi yake.

"Sikufuta," akasema. "Nilifunika tu."

Alikuwa amefungua akaunti mpya, akaiwekea Yasini, akaifanya ndiyo inayowaka yenyewe mashine inapowashwa. Vitu vya baba vilibaki kama vilivyokuwa, chini ya akaunti ya baba. Na gemu, alivyonieleza, haliweki miji kwake lenyewe. Linaiweka kwa mtu anayecheza, kwa hiyo mimi kwa kuingilia mlango mpya nilikuwa mgeni nisiyemiliki hata kibanda. Nikamuuliza kwa nini hakuniambia tangu mara ya kwanza. Akasema uso wangu hauwezi kuficha kitu, na shangazi angesoma habari yote machoni mwangu kabla ya swala ya adhuhuri. Nilikasirika zaidi kwa sababu ni kweli.

Nikaenda kwenye folda ya akaunti ya baba. Kompyuta ikaniambia sina ruhusa ya kuingia. Nilimwosha miguu mtu huyu alipokuwa hawezi kuinama, nilimlisha uji kwa kijiko, halafu chombo cha plastiki kinaniambia sina ruhusa kwake. Nilitamani kukibeba nikakitose baharini. Kaka akasema niendelee tu, nibonyeze, kitakubali. Kikakubali baada ya kunizungushia kiduara chake. Ndani bado hakukuwa na kitu. Kaka akasema imefichwa, gemu lenyewe huificha folda yake, nenda juu pale uiambie ikuonyeshe vilivyofichwa. Nikafanya hivyo, na mafolda yakajitokeza, rangi zimefifia.

Mji ulikuwa humo. Baba alikuwa ameuhifadhi kwa jina moja, na kila siku akihifadhi juu ya jina lile lile. Nami nilikuwa nimeandika kila neno pale pa kutafutia, isipokuwa neno alilolisema kila siku nikilisikia. Faili liliitwa "tutoke".

Nikalinakili, nikalileta kwenye akaunti mpya, nikafungua gemu tena, na Tanga ikajichora polepole kuanzia upande wa bahari. Majumba yakaja na dohani zake. Msikiti wenye kuba ukaja. Barabara ya Pongwe ikanyooka. Nikabonyeza kile kitufe, tukashuka mpaka chini, mbele ya nyumba ambayo baba alisema ndiyo yetu, pale hasa walipokuwa wamefikia walipokuwa wakirudi jioni ile ya mwisho.

Nikaenda kumwita mama. Alikuja akishika ukuta, akakaa kwenye kiti chake cha siku zote, si kile cha baba. Buibui lilibaki kwenye msumari. Nilidhani amesahau, au kwamba mambo yale yalikuwa ya kwake na baba tu. Akakikaribia kioo. Akaitazama nyumba, akautazama mti uliokuwa kando, akaangalia upande wa bahari.

"Upo," akasema.

Nikamwambia upo wote, mpaka Tongoni. Nilikuwa na furaha ya kijinga, shingo inauma, macho yanawasha, na nilitaka nilipwe. Nikashika mausi, nikamwambia haya mama, twende, nikageuza uso wa gemu kuelekea barabarani. Tukaanza kusogea.

Mama akanishika mkono. "Rudisha," akasema. "Ntoke vipi, mwanangu, nami ni edani?"

Nilimwangalia nione kama anatania. Hakuwa anatania. Nilitaka kumwambia kwamba hii si kutoka, ni picha, kwamba nimeshinda siku nzima nikitukanwa na mashine ili yeye atoke. Maneno yalinijaa mdomoni. Kisha nikaliona tena buibui kupitia mlango uliokuwa wazi, limening'inia mahali pake, nikaelewa kwamba hakulisahau. Kwa miaka yote ile mimi niliyekuwa nacheka mlangoni nilidhani wanacheza. Yeye alikuwa anatoka.

"Nlitaka kujua upo tu," akasema. "Eda ikisha tutatoka. Nirejeze ndani."

Nikageuza, tukarudi mpaka mlangoni. Tatizo ni kwamba nyumba za mji ule hazina ndani; ni kuta na paa tu, ukizisukuma zinakuzuia. Nilijaribu mlango, nikajaribu dirisha, nikazunguka nyuma. Mwishowe niliusogelea ukuta, nikausogelea zaidi, mpaka barabara ikapotea, na mti, na bahari, kikabaki kioo kizima rangi ya chokaa.

"Haya," nikamwambia, "uko ndani."

Akamshukuru Mungu, akajiegemeza kwenye kiti. Nikahifadhi kwa jina lile lile, nikazima gemu. Akaniuliza kama kuna chai.