Kadi Niliyoichemsha

Nakumbuka Alhamisi ile nilipotia kadi ya kamera ndani ya birika la chai ya tangawizi, nikaiacha itokote. Mwanangu, usicheke. Nakuita mwanangu kwa sababu wewe uko kidato cha kwanza, mimi niko cha tatu na nina ndevu tisa.

Kadi ilikuwa ya Bi Zaituni, jirani yetu hapa Langoni. Alianza kwa kupiga video za harusi upande wa wanawake, kule ambako simu za wageni huachwa mlangoni na video hukabidhiwa mama wa bibi harusi peke yake. Sasa alikuwa akitengeneza filamu yake ya kwanza: kofia moja ya kushonwa kwa mkono, tangu tundu la kwanza la nakshi hadi la mwisho. Mshonaji, mama yangu. Miezi minne alikuja kwetu, mimi nikiwa shuleni.

Nilimshuku. Mtu anayetafuta jina atakaaje miezi minne na kofia? Mama akaniambia uso wake hautaonekana, ni mikono na sauti tu. Nikazidi kushuku, filamu gani haina nyuso? Kisha nikamwona kule ufukweni Ras Kitau akiwaonyesha wageni wawili kitu kwenye kompyuta, wanacheka. Basi, nikasema, mama yangu anachekwa na watu wa kaptula. Dalili ya mvua ni mawingu. (Ila mawingu mangapi hupita Lamu bila kudondosha tone, hilo sikujiuliza.)

Bi Zaituni alipokwenda kuswali alasiri, nikaichomoa kadi kwenye kamera yake. Chai yenyewe baba aliinywa, akasema leo imekolea.

Bi Zaituni aliponiuliza sikukana. Nilijiona shujaa aliyemsitiri mamake. Akakaa mkekani, akasema taratibu, "Ulitazama kwanza, mdogo wangu?"

Sikutazama. Aliyetazama ni mama. Kila siku kabla ya kuagana walipitia yote pamoja, mama akisema hili liache, hili futa. Siku moja alifutisha asubuhi nzima kwa sababu ya kidole cha mguu. Wale wageni walikuwa wakicheka video nyingine kabisa, ya punda aliyeingia dukani. Nakala za mwanzo zilikuwapo, lakini matundu ya mwisho yalikuwa kwenye kadi ile tu, na kofia ilishachukuliwa na mwenyewe. Filamu ikabaki bila mwisho.

Basi, mwanangu, shuku. Matapeli wapo, na mimi bado namtazama mwenye kamera kwa jicho la pembeni. Lakini shaka yako mpelekee mhusika, uiseme kwa mdomo, kabla mkono haujatangulia. Mola akujaalie subira ambayo mimi sikuwa nayo mbele ya birika.

Mama hakunipiga. Alikunjua kitambaa kipya cheupe, akamwambia Bi Zaituni aje kesho waanze upya. Kisha akaniambia, nami nakupa neno kwa neno, kwa Kiamu chake:

"Ulimshuku yeye, lakini uliyemdharau ni mimi. Mngu akuonyeshe ndia. Haya, lete uzi."