Wambura Anaomba Aitwe

Mke wangu amenikataza kulisimulia jambo hili mbele ya wageni. Anasema mtu aliyefika chuo kikuu hapaswi kujitangaza mjinga bila kuulizwa. Lakini lilinitokea mimi, mchana, jua likiwa kali, na sikuwa nimeonja hata togwa. Kama unataka mzimu wa usiku wa manane, tafuta msimuliaji mwingine. Wangu ulikuja baada ya chakula cha mchana.

Ilikuwa miaka ile dhahabu ya Tarime ilipowatoa watu makwao. Pale Kewanja, kila shimo lilikuwa na Msukuma, Mjaluo, Mkurya, Mhaya, na Mkenya aliyevuka Sirari akisema anakuja mara moja tu. Mimi nilikuwa nimemaliza chuo, sina kazi, ila nina wazo kubwa: nitaandika kitabu kuhusu maana za majina ya watu. Kitabu hicho hakijaandikwa mpaka leo, asante kwa kuuliza. Lakini majina niliyapenda, na bado nayapenda. Fikiria Msukuma anayeitwa Mayunga, maana yake mtu wa kutangatanga, umkute machimboni, mbali na kwao kuliko wenzake wote. Mama yake alijuaje?

Shida ni kwamba machimboni hakuna aliyetumia jina lake. Kulikuwa na Mapengo, Debe, Radi na Kisigino. Mimi nilipewa Profesa kabla sijamaliza kusalimia. Nikimuuliza mtu jina la nyumbani, anacheka. "Profesa, andika hivi," Mapengo aliniambia. "Langu maana yake ni njaa."

Nilikuwa nimefikia Gorong'a, kwa dada yangu Robi aliyeolewa huko na Marwa. Na siku ile, niseme ukweli, nilikuwa nimekwenda machimboni kukimbia kelele. Robi alikuwa amejifungua mtoto wa kiume, na mtoto alikuwa akilia tangu azaliwe na kukataa ziwa. Zahanati walimpima wakasema hana ugonjwa. Midomo yake ilikuwa imeanza kukauka, na dada yangu naye alikuwa amekauka machozi.

Mama mkwe wake, Bibi Nyangi, hakuwa na shaka juu ya sababu. Kwa wazee wetu, mtoto akilia hivyo, yupo marehemu wa ukoo anayetaka jina lake lirudi nyumbani. Basi unayataja majina ya marehemu, moja moja, mpaka mtoto atulie. Jina la aliye hai hulitaji, kwa sababu hapo utakuwa umemzika mtu mzima. Bibi alikuwa ameita akina Chacha, akina Mwita, akina Matiko, wa baba na wa mama. Mtoto aliwakataa wote. Na mimi, mtaalamu wa majina, nilivaa viatu nikaenda kutafuta majina kwingine.

Jioni haijafika, nikawa narudi kwa miguu. Njia ilikuwa tupu. Kwenye mteremko nilimkuta kijana wa rika langu amekaa juu ya jiwe, kama anamsubiri mtu. Alikuwa na kovu lililokata nyusi ya kushoto, na shati lake lilikuwa limelowa chapachapa. Mvua haikuwa imenyesha kwa wiki nyingi. Nikajiambia ametoka shimoni, mashimo huwa na maji. Nani asingejiambia hivyo?

Tukatembea pamoja. Aliuliza shughuli yangu, nikamweleza kwa kirefu, kama nilivyokuwa nikiwaeleza wote wasio na pa kukimbilia.

"Kumbe wewe unachimba majina," alisema.

Nikamuuliza lake. Akasema machimboni walimwita Msumari, nyumbani ni Wambura. Nilifurahi mno. Nikamwambia hilo ni jina la mvua, kwamba Okoth wa Wajaluo ni mvua, Mabula wa Wasukuma ni mvua, yaani akina mama watatu, lugha tatu, wote walisikia kitu kilekile kikipiga juu ya paa wakakiita mwanangu. Alinisikiliza vizuri, kuliko mtu yeyote aliyewahi kunisikiliza.

"Ndiyo," alisema. "Ni mvua."

Kisha akauliza kama mtoto wa Marwa amepata jina. Nikasema bado, wameshaitwa wote. Akasimama.

"Si wote. Mwambie mama, Wambura anaomba aitwe."

Niliinama kufunga kamba ya kiatu. Nilipoinuka njia ilikuwa tupu mbele na nyuma, na pale hapakuwa na kichaka cha kuficha hata kuku. Niamini, sikukimbia. Nilitembea haraka sana.

Nilipofikisha ujumbe, shemeji yangu Marwa aliruka. Wambura alikuwa kaka yake mkubwa, aliyekwenda machimboni zamani, kabla Robi hajaolewa, na hakuwahi kuleta habari. Kumbe yu hai! Anaomba aitwe, basi tukamwite! Akaanza kutafuta tochi, akisema atalala njiani ikibidi, kesho asubuhi awe naye hapa.

Bibi Nyangi hakusogea. Mtoto alikuwa akilia mgongoni kwake, kilio kidogo sasa, kama cha paka.

"Mwanangu," aliniambia, "alisema aitwe, au alisema mwende mkamwite?"

"Aitwe, mama. Alisema aitwe."

"Ana umri gani?"

Nilisema ni kama mimi. Marwa akaacha kutafuta tochi. Marwa alikuwa na mvi, na Wambura ndiye mkubwa. Nikataja kovu la nyusi. Bibi akasema ni pembe ya ndama, iliyomkata akiwa mtoto.

Hebu jiweke mahali pake. Miaka yote ile mwanao hajawa maiti, kwa sababu hujamtaja. Ukimtaja, mtoto huyu atapona, na yule atakuwa amekufa, kwa mdomo wako. Nimesoma na maprofesa wanaojua lugha saba. Sijaona mtu aliyebeba neno moja zito kama lile.

Alimshusha mtoto mgongoni, akamtazama usoni.

"Wambura," alisema.

Mtoto akanyamaza, kama redio iliyoishiwa betri. Bibi akampa Robi, akasema, "Mnyonyeshe." Alisubiri mpaka alipomsikia anameza. Ndipo alipotoka uani, akapiga yowe la msiba.

Marwa alikwenda Kewanja hata hivyo. Wambura hakuna aliyemjua. Alipouliza Msumari, mchimbaji mmoja mkongwe alimpeleka kwenye bonde dogo lililoota majani: shimo lililojaa maji usiku mmoja wa masika, Msumari akiwa ndani. Wenzake walitaka kupeleka taarifa kwao, lakini ungepeleka wapi taarifa ya Msumari?

Wambura wa sasa ni mtu mzima, anahangaika na malori pale Sirari. Bibi Nyangi, mpaka anafariki, hakumwita mjukuu. Alimwita mwanangu, na alimgombeza vikali kwa ng'ombe waliopotea kabla hajazaliwa. Naye alikuwa akiomba msamaha.

Basi sikia. Ukienda mbali kutafuta, popote pale, mwachie mtu mmoja jina lako lote na la kwenu. Na ukipewa salamu njiani na mtu usiyemjua, usiitengeneze, usiipambe, hata kama umesoma. Ipeleke kama ulivyopewa. Hujui ni nani, nyumbani, amekataa kula mpaka ifike.