Kipande cha Sentimita Kumi

Kila asubuhi, kabla hajafunua cherehani yake, shangazi yangu hukata kipande cha kitambaa atakachoshona, sentimita kumi kamili, na kukitumbukiza kwenye beseni la maji ya moto. Kisha hukianika, hukipiga pasi, hukipima. Majirani wamembatiza Mama Kipande, naye huitika.

Mwaka jana hospitali ilimpa kazi aliyoisubiri miaka sita: mapazia arobaini ya kutenga vitanda vya wodi. Kila pazia lilitakiwa liwe na urefu wa mita mbili likishafuliwa. Kitambaa kilikuwa pamba ghafi. Kipande chake kiliingia kumi, kikatoka nane.

"Kinapungua asilimia ishirini," alisema msimamizi wa stoo ya hospitali, aliyekuja nyumbani kwetu, kisha akanigeukia. "Haya msomi, tupigie hesabu."

Asilimia ishirini ya mita mbili ni sentimita arobaini. Nikajumlisha: mbili na arobaini. Msimamizi akaandika.

"Futa," shangazi akasema, macho kwenye sindano. "Mbili na nusu."

"Mama, huyu ana digrii!"

"Digrii yake tumeitundika ukutani, inapendeza. Andika mbili na nusu."

"Sentimita kumi mara mapazia arobaini, mita nne. Hilo si gauni lako hilo?"

Nilimkanyaga shangazi mguu chini ya meza anyamaze. Alishaitwa mwizi, na kazi ilikuwa inaponyoka hivi hivi tukiiona. Yeye akauvuta mguu wake, akainuka.

"Nakata mawili. Moja lenu, moja langu. Yafuliwe hukohuko kwenu, kisha tuyatundike."

Siku mbili baadaye tulisimama wodini. Shangazi alikuwa amechora mstari wa chaki ukutani, mita mbili kutoka kwenye chuma cha pazia. Pazia la hesabu yangu liliishia sentimita nane juu ya mstari, kama suruali ya mtoto aliyerefuka ghafla. Mgonjwa wa kitanda cha tatu akacheka hadi akakohoa.

"Hilo fupi mpeni daktari!"

La shangazi liligusa chaki, wala halikuivuka.

"Mita mbili ndiyo iliyobaki, bwana," alimwambia msimamizi, taratibu. "Ni themanini katika mia. Nyie mmetafuta ishirini ya kilichobaki. Mimi nimeitafuta mia yenyewe. Gawa mita mbili kwa nane, unapata robo mita. Hiyo ni kumi katika mia. Zidisha mara kumi."

Msimamizi akakokotoa kwa midomo, akafuta, akaandika upya.

"Nisamehe, mwalimu," akasema.

Njia nzima ya kurudi nilivaa tepu yake ya kupimia shingoni kama nishani. Tulipofika mlangoni ndipo nikathubutu kumuuliza.

"Shangazi, hesabu hii ulijifunzia wapi?"

"Ilikuja kwenye mtihani wangu wa mwisho shuleni," alisema, akitafuta ufunguo. "Niliikosa."