Mpishi wa Karakara

Kabla ya homa, Kweyu alikuwa mtu wa pua. Akitoka mtaa wa Kaloleni asubuhi kwenda kazini Industrial Area, aliweza kukwambia ni nyumba gani imeunguza uji na ni gani imetia tangawizi kwenye chai. Majirani walimwita Mzee Pua, naye alicheka nao. Pua hiyo ndiyo iliyomtoa kwenye kubeba magunia katika kiwanda cha peremende cha Mzee Hirji ikamwingiza jikoni.

Humo jikoni ndimo Karakara ilimozaliwa, miaka ya sabini ikielekea ukingoni. Mzee Hirji alitaka chokoleti yenye tunda la nyumbani ndani yake. Walijaribu nanasi, ikawa majimaji. Wakajaribu embe, ladha ikapotea kabisa chini ya chokoleti. Ndipo Kweyu akachemsha rojo la pasheni na sukari mpaka likashika mwiko, akalimimina ndani ya maganda ya chokoleti yaliyokwisha kuganda. Mzee Hirji akauma kipande, akafumba macho, akaketi juu ya gunia la sukari bila kuangalia kama ataichafua suruali yake.

"Sisi tuliozaliwa Mombasa, tunda hili tunaliita karakara," alisema. "Basi na iitwe hivyo."

Miaka michache baadaye, kutoka Makongeni hadi Kariokor hukukosa kioski chenye vile vipande vilivyofungwa kwa karatasi ya zambarau. Mtoto aliyefaulu mtihani alinunuliwa Karakara, na mgonjwa akitembelewa alipelekewa Karakara. Kweyu hakuandikwa jina popote kwenye karatasi ile, wala hakulitaka. Kilichomtosha ni kupita mtaani na kuwaona watu wakilamba vidole.

Homa ilimwangusha mwaka wa tisini na mbili. Alipopona alirudi jikoni, akaufunua mfuniko wa ndoo ya pasheni zilizochujwa, akainama kama kawaida yake. Hakusikia harufu yoyote. Akainama tena hadi pua ikagusa rojo. Ulimi ulikuwa umebaki na utamu na uchachu, lakini tunda lenyewe lilikuwa limeondoka. Alifanya kazi siku ile nzima, na jioni akamwambia mkewe, Nabalayo.

Nabalayo hakuuliza mengi. "Kesho niletee kidogo," alisema.

Ikawa hivyo. Kila jioni Kweyu alikuja na rojo ndani ya kikombe, lile ambalo lingepikwa siku ya pili. Nabalayo aliacha alichokuwa akikifanya, akafuta mikono, akaonja taratibu huku akitazama ukutani.

"Hizi zimechumwa mapema, Baba Nangila. Zina ukali wa majani. Ongeza sukari, lakini usizipike sana."

"Na harufu?"

"Ipo. Iko mbali kidogo, kama ya maua yaliyonyeshewa."

Kweyu aliyashika maneno hayo akayapeleka jikoni, na Karakara ikatoka vile vile. Chokoleti za ng'ambo zilikuwa zimeanza kujaa madukani, na wana wa Mzee Hirji walimshauri baba yao aachane na matunda, anunue dawa ya ladha ya chupa. Mzee alikataa. Aliwaambia kwamba ana mkono wa Kweyu.

Mwaka wa tisini na tano miguu ya Nabalayo ilianza kuvimba, pumzi ikawa fupi. Hospitalini walisema ni moyo. Hata alipokuwa akilala ameegemea mito aliendelea kuonja, akiongea maneno mawili matatu na kupumzika. Alifariki msimu wa mvua ndefu, wakamzika nyumbani, Butere.

Waliporudi Kaloleni, Kweyu alitoa leso ya mkewe kwenye sanduku, akajifunika nayo usoni. Alivuta pumzi kwa nguvu, mara nyingi. Binti yake, Nangila, alimkuta hivyo, akakaa kando yake akaipokea ile leso.

"Inanukia nini?" Kweyu alimuuliza.

Nangila aliinusa, akaanza kulia. Kweyu alimtazama bintiye akilia kwa harufu ambayo yeye hakuweza kuifikia, na hapo ndipo alipolia kwa mara ya kwanza tangu mazishi.

Nangila alichukua kazi ya kuonja. Lakini alikuwa akimhurumia baba yake, na kila jioni jibu lilikuwa lile lile: "Ni nzuri, Baba." Kweyu alijua kwamba anampa moyo tu, ila hakuwa na njia nyingine. Asubuhi moja Mzee Hirji aliingia jikoni na kipande mkononi, kimeumwa upande mmoja.

"Kweyu, hili rojo lilikuwa limechacha kabla ya kupikwa."

"Sijui, Mzee. Tangu ile homa sijasikia harufu ya kitu chochote."

"Miaka yote hii? Sasa nani alikuwa akionja?"

"Mama Nangila."

Mzee Hirji alivua miwani akaishika bila kuifuta. Alikuwa amekwenda Butere kwenye mazishi, akala na waombolezaji, akarudi bila kujua amemzika nani. Alimsihi Kweyu abaki, hata kama ni kusimamia tu. Kweyu alishukuru, akavua aproni, akaikunja. Alisema asingeweza kuutazama mwiko ule tena.

Baada ya hapo, kiwandani walinunua zile chupa. Kweyu alihamia Njiru, pembezoni mwa jiji, kwenye kijishamba walichokuwa wamekinunua yeye na mkewe, akafuga kuku. Watu waliomfahamu walikuwa wakimsimamisha njiani na kulalamika kwamba Karakara siku hizi ni sukari tupu.

"Imekosa nini?" alikuwa akiwauliza.

"Sijui, Mzee. Haina ile ladha yake."

Aliwauliza wengi, na kila aliyejibu hivyo alimwachia furaha aliyoionea haya, kwa sababu ile ladha waliyoikosa ilikuwa ni Nabalayo. Mwaka wa tisini na nane kiwanda kiliacha kuitengeneza kabisa. Watu wakaisahau, wakazoea nyingine, na Kweyu hakuwa tena na wa kumuuliza.