Machungwa Yenye Alama Nyekundu

Nimewahi kushusha chombo cha kupimia maji katika bahari yenye mabonge ya barafu, kusini kabisa mwa dunia, nikakipandisha kikiwa safi kuliko vijiko vya nyumbani kwetu Nagongera. Baridi ya kule ilinitesa, lakini kinyaa hakikuniingia hata siku moja. Kinyaa nilikuja kukijua nilipokipeleka chombo hicho hicho Busia, upande wa Uganda, kwenye mwalo wa ziwani alikoolewa dada yangu mkubwa. Pale mitumbwi inashusha samaki, ng'ombe wananyweshwa, watu wanaoga, na wengine wanachota maji ya kunywa, wote wakiangaliana na kusalimiana vizuri.

Kazi yangu ni kupima maji: yanaelekea wapi, yana joto gani, yana chumvi kiasi gani. Dada, aliyenibeba mgongoni nilipokuwa mdogo, hajawahi kuielewa kazi hii. Lakini kamati ya mwalo ilipopata mfadhili wa kuwawekea bomba, yeye ndiye aliyewaambia kwamba ana ndugu anayejua maji na kwamba angekuja bure. Nilikwenda bure kweli, kwa sababu moja tu. Taifodi ilikuwa imemlaza dada mara nyingi hata nikawa naijua kwenye simu sauti yake ya hospitalini kabla hajaniambia yuko wapi. Kila alipotoka alirudi kunywa maji yale yale, ya ghuba ndogo iliyo nyuma ya nyumba yake. Nilitaka apate maji safi kabla ugonjwa huo haujamzika.

Mwenyekiti wa kamati, mwanamume mnene anayepiga pasi hata kofia yake, alikuwa ameshachagua mahali pa kuweka mdomo wa bomba, ule wa kuvutia maji. Ni pale pale ghubani.

"Maji ya hapa imetulia," aliniambia. "Angalia, mpaka mchanga unaona. Wewe pima tu, sema iko sawa, tuanze kuchimba."

Nikapima. Chombo changu kilitengenezewa bahari, na huko nje ziwani kilisema chumvi karibu hakuna, kama nilivyotarajia. Wavuvi walinicheka kwa kuleta mashine ya chumvi kwenye maji ya ziwa. Tulipoingia ghubani, namba ikapanda. Nikadhani kimeharibika. Nikakiosha, nikakishusha tena, ikapanda vile vile. Haikuwa chumvi ya kuonjeka kwa ulimi, ila katika maji yale haikuwa na sababu ya kuwepo. Nikamuuliza mpiga kasia wangu inatoka wapi. Akatazama pembeni.

"Labda ni ngozi," akasema.

Nikaenda kuiona hiyo ngozi. Ukizunguka kona ya ufuko, nyuma ya mawe, kuna ghala la mfanyabiashara anayenunua ngozi mbichi za ng'ombe kutoka pande zote mbili za mpaka. Wafanyakazi wake huzipanga moja juu ya nyingine, na kati ya ngozi na ngozi humwaga chumvi ili zisioze. Zinaoza hata hivyo, ila polepole. Chumvi inayanyonya maji ya ngozi, maji hayo yanachanganyika na damu na mafuta na mavi yaliyoganda kwenye manyoya, kisha yote yanateremka kwa mfereji mpaka ziwani, rangi ya chai iliyolala. Juu ya mfereji kulikuwa na utando mweupe, na utando ulikuwa unacheza. Nikainama nione vizuri. Walikuwa funza. Ule uvundo uliniingia mdomoni, si puani, nikatema mate njia nzima ya kurudi.

Na kilichonichefua kuliko funza ni kwamba kila mtu pale mwaloni alijua. Walipita karibu na mfereji ule wakienda kanisani, wakavuka wakiwa wamekunja pindo za nguo zao za Jumapili, wakarudi nyumbani kuteka maji.

Nilimweleza mwenyekiti habari ya chumvi. Alinisikiliza kwa heshima, kisha akacheka.

"Hiyo chumvi kidogo iko na shida gani? Sisi nakula chumvi kila siku kwa mchuzi. Halafu ghala iko kule, ghuba iko huku. Maji ya kule nakwenda kwa ziwa kubwa, hairudi."

Kumbe namba zangu hazikuwa na uzito wa kumtoa mtu alipokaa. Ilibidi nimwonyeshe maji yanakokwenda. Kule baharini, melini, tulikuwa na maboya ya kazi hiyo, yale yanayotuma yenyewe habari ya mahali yalipo, lakini kwa dada yangu sikuwa na boya. Nikaamua kutumia machungwa. Chungwa huelea likiwa limezama karibu lote, upepo haupati mahali pa kulisukuma, kwa hiyo linafuata maji. Nikanunua gunia la machungwa ya Teso, nikaketi mlangoni kwa dada, nikayatia yote alama kwa rangi yake nyekundu ya kucha, ile anayoiweka kwa ajili ya harusi.

Dada alinitazama kama aliyeona mtoto wa kwao amechanganyikiwa.

"Chakula unatupa kwa maji?" akaniuliza. "Mama angekuona."

Asubuhi iliyofuata nikayamwaga machungwa yale mfereji unapoingia ziwani. Nilikuwa nimejifunga kitambaa puani. Machungwa yalizunguka kidogo katika lile povu la mafuta, moja likabeba kipande cha mkia wenye manyoya, kisha yakashika njia. Nami nikiyafuata kwa mtumbwi kwa mbali, yalipita mawe, yakakunja kona yakiwa karibu na ufuko, na kabla ya adhuhuri yalikuwa yanaingia ghubani moja baada ya jingine, yametulia, kama watu wanaorudi kwao. Nilifurahi kwa namna mbaya. Nikaenda kujisugua kwa sabuni mpaka ngozi ikaniwasha, nikavaa shati safi kwa ajili ya mkutano wa kamati.

Tulikutana bandani wanakopimia samaki. Kwa watu wa kule, mgeni hasimamishwi kusema kabla hajatia kitu mdomoni, basi mama mmoja wa kamati akaleta sinia iliyofunikwa kitambaa, akaanzia kwangu. Machungwa yaliyokatwa vipande. Kulikuwa na joto na koo limenikauka. Nikafyonza kipande kimoja, kitamu, nikachukua cha pili. Nilipokigeuza kutupa maganda, nikaiona alama nyekundu.

Juisi ilikuwa imeshafika tumboni. Nikawatazama wenzangu. Wote walikuwa wanafyonza, na mwenyekiti alikuwa amelibana ganda zima kati ya meno na midomo.

"Mama," nikasema, "haya machungwa mmeyanunua wapi?"

"Hatukununua. Ni Mungu tu ametupatia. Yamekuja yenyewe ghubani, tukasema, leo tuko na mgeni."

"Mliyaosha?"

"Eh, tumeosha vizuri sana. Hapo hapo ghubani."

Nikawaambia nilikoyamwaga. Sikupandisha sauti, sikuwa na uwezo huo, mate yalikuwa yamenijaa mdomoni. Mwenyekiti akalitoa lile ganda kwa vidole viwili, akaitazama alama, akalilaza juu ya meza taratibu, akatoka nje. Tukamsikia nyuma ya banda akitapika. Mama wa sinia akamfuata, kisha wengine, kisha mimi. Tulitapika tukiwa tumeshika ukuta mmoja, mtaalamu na kamati yake, na nzi wa samaki wakahama bandani kuja kutuangalia.

Tuliporudi ndani hakuna aliyeuliza habari ya chumvi.

"Bomba haiwekwi ghubani," mwenyekiti akasema, akijifuta mdomo. Mambo yakaishia hapo.

Mdomo wa bomba ukawekwa upande wa pili wa rasi, mbali na mfereji, ambako maji yanatoka ziwa wazi, na maji yenyewe hutiwa dawa kabla ya kufika kwa watu. Nilisisitiza bomba moja liwe karibu na mlango wa dada, wakakubali. Ghala la ngozi halikuguswa. Mfereji unatiririka hadi leo, na watu bado wanauvuka wakiwa wamekunja nguo, na ninapowakumbuka nasikia hasira na kichefuchefu kwa pamoja, sijui kipi kinatangulia.

Mwaka huu nilikwenda kumsalimia dada. Bomba lake lilikuwa linang'aa juani, na chini yake hapakuwa na hata tope. Dada alikuwa amekonda, anatembea kwa kushika ukuta, lakini alishanichemshia chai. Nikanywa funda moja, nikamuuliza ni maji gani.

"Ya ghuba."

"Dada, na bomba je?"

"Ile ya bomba inanuka dawa. Mgeni wangu nitampa chai inanuka dawa?"

Nikamkumbusha machungwa. Nikamweleza tena funza, ule mkia, na kamati nzima nyuma ya banda. Akacheka mpaka akashika mbavu, kwani hadithi ile anaipenda, na huisimulia sokoni vizuri kuliko mimi ninavyoisimulia.

"Hayo machungwa ilikaa kwa uchafu," akasema. "Maji haikai. Maji inapita."

Kisha akatoa bahasha ndogo ya hospitali kwenye fundo la kitenge chake, akamimina vidonge viwili kiganjani. Taifodi ilikuwa imerudi, akaniambia, tena safari hii ina nguvu, na daktari amemwonya asiruke hata kidonge kimoja. Akachovya kikombe mtungini, kwenye maji ya ghuba, akavimeza. Akafuta midomo, akatazama kikombe changu kilichokuwa bado kimejaa, akauliza kama sukari haikutosha.