Mkaguzi wa Matumbo ya Nyoka

Inatangazwa kwa wananchi wote wa milima ya Usambara, wenye buti na wenye kandambili, wanaolima kabichi na wanaolima maneno, kwamba bingwa wa kusoma matumbo ya nyoka amepatikana. Hana shahada, hana ofisi, hana hata kalamu. Ana kopo la pipi. Jina lake ni Mwanaidi binti Shemweta, mzaliwa wa Vuga walikotawala wafalme, aliyeolewa juu ya Malindi ya hukuhuku milimani, zinakotawala karoti, katika kata ambayo sitaitaja kwa sababu mtendaji wake ana muhuri, na hasira zake ziko karibu. Watu humwita Mama Zakia. Wananchi mnaombwa kusimama.

Kama mmeshakaa tena, tuendelee.

Elimu yake ilianza kwa kufa. Alikuwa na miaka kumi na miwili, anachota maji kijitoni, akapitisha mkono kwenye majani, akaumwa kidole na kinyoka chembamba cha rangi ya matope. Kilipojipindua kukimbia, akaliona tumbo: rangi ya chungwa iliyokolea katikati, ikififia pembeni, kama plamu iliyoiva upande mmoja. Kule kwao sheria ilikuwa moja: nyoka akiwa na tumbo la rangi, tafuta sanda. Basi mtoto akarudi nyumbani, akajilaza kwenye mkeka, akausia. Mali yake yote ilikuwa tetea mmoja mweusi; akamwachia dada yake Hawa. Mama akalia. Majirani wakaja na viti vyao. Mtu mmoja alishaanza kuulizia sufuria kubwa liko kwa nani.

Ilipofika alasiri, marehemu akasikia njaa.

Hakufa. Lakini kuku alikuwa ameshakuwa wa Hawa, na Hawa alisema wasia ni wasia. Imepita miaka arobaini na sita, vitukuu wa yule tetea wanataga kwa Hawa mpaka leo, na Mama Zakia akipita pale huwatazama kama mtu anayetazama kiwanja chake kilichojengwa na mwingine. "Nilidhulumiwa na nyoka asiye na sumu," husema. Wengine husomeshwa na wazazi, wengine na serikali. Yeye alisomeshwa na kinyongo.

Tangu siku hiyo haamini rangi peke yake. Nyoka akionekana shambani, wenzake wanakimbia kuelekea nyumbani, yeye anakimbilia kopo: kopo kubwa la plastiki la pipi, lile linalokaa juu ya kaunta dukani, linaloonyesha ndani. Hamshiki nyoka hata siku moja. Analilaza kopo ubavu, analivika kanga liwe na giza kama shimo, anamsukumia mgeni taratibu kwa mpini mrefu wa jembe, na nyoka, ambaye muda wote anatafuta pa kujificha kutoka kwa watu wenye kelele, anaingia mwenyewe. Mfuniko wenye matundu unafungwa. Kisha Mama Zakia analinyanyua kopo juu ya kichwa chake na kutazama kutoka chini, kama fundi aliyeingia uvunguni mwa lori.

Hivyo amewajua. Anamjua yule wa kijitoni mwenye tumbo la chungwa, mla vyura. Anamjua yule mdogo mweusi anayeishi udongoni na kula tandu, ambaye chini ana wekundu kidogo kama ufizi. Anamjua pia swila wa msituni mwenye kifua cha manjano, na kwa huyo kopo halitoki nyumbani kabisa. "Huyo hakaguliwi," anasema. "Huyo anapishwa."

Sasa tuje Jumatano.

Jumatano ile Mama Zakia aling'oa karoti zake zote. Msimu uliotangulia mvua ya mawe ilishuka kwake tu, kama imeelekezwa kwa barua, ikasaga kila kitu. Hii ndiyo ilikuwa nafasi yake ya kuinuka. Fuso la wanunuzi lingeondoka saa kumi jioni. Na kila mtu wa huku anajua: karoti yenye udongo haipandi fuso. Lazima ioshwe kijitoni, kwenye mabeseni, kwa kukanyagwa na miguu mpaka ing'ae. Na karoti iliyokwisha kung'olewa haina subira. Ukiipa siku mbili inajikunja kama kidole cha bibi kizee.

Mita mia moja juu ya kijito ipo ofisi ya kata. Humo alikuwa Silvano, mtendaji, kijana wa Tanga mjini, aliyekuwa akisubiri wageni kutoka wilayani. Na wageni wa wilayani, kama mjuavyo, hawaji kuangalia barabara. Wanakuja kuangalia sakafu. Kwa hiyo alfajiri Jenoveva, mama mfagizi wa ofisi, aliamriwa kuikoroga ile rangi nyekundu ya sakafu na mafuta ya taa na nta, akaipaka kutoka ukutani hadi mlangoni. Saa mbili Silvano akafungua mlango ili aisifu. Akapiga kelele.

"Jenoveva! Hii nini?"

Katikati ya wekundu ule ulipita mstari uliopindapinda, kutoka chini ya kabati la mafaili hadi kwenye upenyo wa mlango.

"Sijui, bosi. Mimi nilipaka sawasawa."

"Sawasawa? Umepaka kama mtu anayeendesha baiskeli amelewa! Rudia!"

Jenoveva akarudia, akinung'unika kwamba kwao hata mlevi hupaka sakafu vizuri kuliko watu wanavyoandika mihtasari.

Saa nne kelele nyingine zikatoka kijitoni. Wanawake walikuwa wamefika kuosha karoti, wakamkuta nyoka juu ya jiwe. Mgongo wa kahawia, wa kawaida kabisa. Lakini alipoinua ubavu kupanda jiwe la pili, tumbo lote likaonekana: jekundu. Si la chungwa, si la waridi. Jekundu kama pilipili, kama bendera ya chama usichokipenda. Beseni moja likarushwa kwa hofu na, kwa kudra za Mwenyezi Mungu, likamfunika.

Silvano akashuka na simu yake. Mtandao wa huku hukaa juu ya mkaratusi mmoja ulio karibu na shule, ila siku hiyo ulishuka kumsaidia. Akaandika: nyoka tumbo jekundu. Simu ikafikiri, ikatoa picha.

"Jamani," akasema, sauti imeshuka. "Huyu anatoka Australia. Ana sumu."

Mama mmoja akauliza, "Amefikaje?"

"Hilo ndilo tutakalochunguza."

"Atakuwa amepitia Mombo kule chini," mwingine akasema. "Wageni wote wanapitia Mombo."

Ndani ya nusu saa likabandikwa tangazo kwenye mti, lenye muhuri: kijito kimefungwa mpaka wataalamu wafike, ndani ya siku kumi na nne za kazi. Haikuandikwa ni kazi ya nani.

Saa saba ndipo Mama Zakia alipotokea mteremkoni kutoka shambani, gunia la kwanza kichwani, na mengine yakifuata kwa bodaboda. Akasoma tangazo. Akatua gunia.

Mtendaji alikuwa amejiandaa kuwa mkali, lakini alikuwa amelelewa, na mbele ya mtu wa umri wa mama yake ulimi wake ulikuwa na kazi ya kwanza.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Hujambo?"

"Sijambo, mama. Kwa mamlaka niliyopewa, nakuzuia kuosha karoti."

"Nyumbani wazima?"

"Wazima, mama. Mpaka siku kumi na nne."

"Alhamdulillahi. Karoti zangu zitakuwa mbolea kabla ya siku nne. Yuko wapi huyo nyoka?"

"Chini ya beseni. Mama, usisogee, huyo ni wa Australia!"

Mama Zakia akalitazama beseni. "Beseni ni langu," akasema, kama kwamba hilo linamaliza mjadala, na akatuma bodaboda kuleta kopo.

Wanawake wakaangua Kishambaa cha haraka, wote kwa pamoja. Silvano akauliza wanasemaje. Jenoveva, aliyekuwa ameshuka na ndoo yake kuchota maji ya sakafu, akamtafsiria: "Wanasema wanakubali amri yako." Hawakuwa wanasema hivyo. Sehemu kubwa ilihusu masikio yake.

Kopo likaja. Mama Zakia akawarudisha watu nyuma hatua kumi, akalilaza kopo mbele ya beseni, akalivika kanga, kisha akiwa mbali kwa urefu wa mpini akainua ukingo kidogo. Kichwa kikachungulia, kikaona giza zuri lililoandikwa maneno ya mapenzi pembeni, na mwili wote ukafuata kama uzi unaoingia kwenye sindano. Mfuniko: kwi!

Akanyanyua kopo juu. Umati ukainua macho. Tumbo lilikuwa jekundu kweli, na watu wakasema "Yaa!" kwa sauti moja.

"Mnaona?" Silvano akasema, kwa furaha ya mtu ambaye simu yake haijamwangusha. "Mnaona wenyewe!"

Mama Zakia alikuwa ametazama kichwa kwanza: mistari miwili hafifu, rangi ya maziwa, mmoja juu ya jicho na mmoja chini. Akashusha macho kwenye tumbo. Akakaa hapo muda mrefu kuliko kawaida yake. Kila alipojisogeza nyoka, plastiki ya kopo nayo ilibaki na wekundu. Akasogeza pua kwenye matundu ya mfuniko, akanusa.

"Rangi ya Mungu haihami," akasema. "Hii inahama. Imepaka kopo langu. Na hapa karibu na mkia kuna unywele." Akazungusha kopo. "Unywele wa brashi."

Kisha akageuka.

"Jenoveva."

"Abee, Mama Zakia."

"Huyu mgeni ananuka mafuta ya taa. Wewe leo asubuhi ulipaka nini?"

Jenoveva akatazama kopo. Akatazama mikono yake mwenyewe, iliyokuwa na wekundu uleule kwenye kucha. Kicheko kikamwanzia tumboni, kikapanda, akaketi chini kwenye matope na ndoo yake.

"Ule mstari!" akapiga yowe. "Bosi! Mlevi wako wa baiskeli! Mlevi wako huyu hapa!"

Kata nzima ikapanda mlima kwenda kukagua. Jenoveva alikuwa hajamaliza kurudia. Nusu ya mstari bado ilikuwepo, ikitoka chini ya kabati. Kabati likafunguliwa. Ndani yake mafaili ya miaka mitatu yalikuwa yametafunwa kuwa vitanda vya panya, vitanda vizuri, vya tabaka mbili. Ngozi kuukuu ya nyoka ilining'inia kwenye faili la malalamiko ya wananchi. Kumbe huyu Mwaustralia alikuwa mtumishi wa kata tangu mwaka jana, akifanya kazi ya kupunguza panya bila likizo, na ndiye pekee aliyekuwa akiyapitia malalamiko.

"Nyoka wa nyumbani," akasema Mama Zakia. "Hana sumu. Chini ni mweupe kama kikombe. Wewe ndiye umempaka, mwanangu."

Silvano akatazama sakafu, akatazama nyoka, akawa mwekundu kushinda vyote viwili. Akatazama saa: nane na nusu. Akateremka mbio, akabandua tangazo kwa mkono wake mwenyewe, na kijito kikafunguliwa.

Hamjawahi kuona karoti zinavyokanyagwa namna ile. Wanawake wote waliingia mabesenini kwa Mama Zakia kwanza, kwa sababu ni yeye aliyewafungulia maji, na walikanyaga wakiimba mambo ya Australia. Maji yakaruka, kanga zikalowa, Jenoveva akaingia na viatu vya kazi. Nyoka yeye alipelekwa ghalani kwa Mama Zakia, kwenye panya wanaokula mbegu. Wekundu wake utatoka siku atakapojivua ngozi. Fuso lilipopiga honi ya kwanza, magunia saba yalikuwa yamejaa na yanang'aa, na la nane linamaliziwa.

Ndipo mtendaji, aliyesamehewa na wote na kwa hiyo akiwa na deni la hotuba, akatafuta pa kusimama. Hapakuwa na jukwaa, wala wageni wa wilayani hawakuwa wametokea. Akapanda juu ya gunia.

"Ndugu wananchi!" akasema, machozi yanamlenga kwa uzito wa jambo. "Leo tumeokolewa na maarifa! Namtangaza rasmi Mama Zakia kuwa Mtaalamu Mkuu wa Nyoka wa Kata, na nitampatia cheti chenye muhuri. Mama, hili ni tukio la kihistoria. Waambie wananchi neno moja tu, walikumbuke mpaka vizazi vijavyo!"

Honi ikapiga mara ya pili. Mama Zakia akafunga kamba ya gunia la nane, akainua uso.

"Shuka hapo, mwanangu. Umesimama kwenye karoti."